Kunukuu Kant kutoka Lubumbashi: nani analijua jarida la Kant-Studien?

Mwanafunzi wa Kasapa

Wapendwa ndugu na walimu, salamu kutoka Lubumbashi. Ninaandika kazi yangu ya mwisho ya lisansi (shahada ya chuo kikuu) juu ya tofauti ambayo mwanafalsafa Mjerumani Kant, katika kitabu chake Uhakiki wa Akili Safi, anaiweka kati ya ufahamu na akili. Mwalimu anayeniongoza amenirudishia sura ya kwanza, na pembeni ameandika kwa kalamu nyekundu: «Nukuu kama wanavyonukuu katika Kant-Studien.» Maktaba ninayoitumia haina hata toleo moja la jarida hilo, Kijerumani sikijui, na Kant niliye naye ni wa tafsiri ya Kifaransa iliyopoteza jalada na kurasa za mwanzo. Je, jarida hilo ni la namna gani, na mtu kama mimi anaweza kunufaika nalo? Tena, kuandika «ukurasa wa 120» kuna kosa gani, ikiwa huo ndio ukurasa nilioufungua?

Asistanti, Bukavu

Ndugu yangu, usivunjike moyo; mwalimu wako amekuelekeza pazuri. Kant-Studien lilianzishwa mwaka 1896 na Hans Vaihinger, aliyekuwa profesa mjini Halle, na mwaka 1904, ilipotimia miaka 100 tangu Kant afariki, yeye huyo alianzisha Chama cha Kant ili kulitegemeza. Halikupita njia nyepesi: mwaka 1933 mhariri wake Arthur Liebert, ambaye alikuwa na asili ya Kiyahudi, alilazimika kuacha kazi yake Ujerumani, akaenda Belgrade na kuanzisha huko jarida jingine la falsafa. Leo linapokea makala kwa Kijerumani, Kiingereza na Kifaransa, kwa hiyo lugha uliyosomea shuleni tayari ni mlango wa kuingilia. Majuzuu ya zamani yasiyofungwa na haki za uchapishaji yanapatikana bure katika Internet Archive. Yapakue usiku, mega za intaneti zinapokuwa nafuu.

Sasa nije kwenye ukurasa wako wa 120, maana hapo ndipo penye uzito. Kant alichapisha kitabu hicho mara mbili, mwaka 1781 na mwaka 1787, na mara ya pili sehemu nyingine alizibadilisha kabisa. Chapa ya kwanza huitwa A, ya pili B, na namba inayofuata herufi ni ukurasa wa chapa hiyo. Hoja ya kuthibitisha haki ya kategoria (dhana za msingi za ufahamu), inayoanzia A 95 hadi A 130, aliiondoa na kuiandika upya yote. Ukinukuu ukurasa wa tafsiri yako, msomaji aliyeko Mainz au Kinshasa hatajua unazungumza na Kant wa mwaka gani. Ukiandika A 51/B 75, kila mtu, kwa tafsiri yoyote aliyo nayo, atafika kwenye sentensi ileile: mawazo yasiyo na kitu ndani yake ni matupu, na miono (yale tunayopokea kwa hisi) isiyo na dhana ni vipofu. Maandishi yake mengine hunukuliwa kwa juzuu na ukurasa wa toleo la Akademia (maandishi yake yote yaliyokusanywa na Akademia ya Sayansi), lililoanza kuchapwa Berlin mwaka 1900, na juzuu 1 hadi 23 zimewekwa mtandaoni bila malipo na Chuo Kikuu cha Bonn. Tafsiri nyingi za Kifaransa zimeweka namba hizo pembezoni. Angalia vizuri yako.

Mama Mwalimu, Lubumbashi

Mwanangu, nakuongezea jambo moja tu juu ya maneno. Nimefurahi kuona umeandika «ufahamu» na «akili», kwa sababu wengi wetu huita vyote viwili akili, na hapo sura nzima inaanguka. Ufahamu kwa Kant hufanya kazi juu ya yale ambayo hisi zimeleta, huyafunga pamoja kwa kanuni, na maarifa hupatikana. Akili haitosheki hapo: inataka kufika mwisho wa kila sababu, hadi kwenye nafsi, ulimwengu kwa ukamilifu wake, na Mungu, mahali ambapo hisi hazileti kitu. Wazee wetu walisema akili nyingi huondoa maarifa. Hawakuwa wakimzungumzia Kant, lakini methali hiyo inatenganisha maneno mawili ambayo wewe unahitaji yatengane, nami ningeiweka katika utangulizi bila kuona haya.

Mwanafunzi wa Kasapa

Asanteni sana, Yaya Asistanti wa Bukavu na Mama Mwalimu. Nimekagua kitabu changu leo asubuhi kwenye mwanga wa dirisha: namba zipo kweli, ndogo sana, pembeni kushoto, na miaka miwili yote nilidhani ni za mpiga chapa. Ukurasa wangu wa 120 unabeba sehemu ya B ambayo katika A haimo kabisa, ilhali mimi nilikuwa nimeandika kwamba Kant alisema hivyo mwaka 1781. Ninaisahihisha sura yote kabla ya Jumatatu.