Baba mudogo balimutia mu retrete (kustaafu) na gradi (cheo) bakamunyima, anaweza kushitaki Leta (serikali)?

MutotoWaKatuba
Bonjour bandugu. Baba mudogo wangu anatumika kwa Leta hapa L'shi (Lubumbashi, Congo) toka 1994, iko shefu de biro. Kiti ya shefu de divizyo njo anaikalia toka zamani lakini ni "ff" (faisant fonction, anashika kazi bila kupewa gradi) tu, mushahara paka wa biro, na kila fasi ikifunguka bananamina (banaweka) mutu mwingine. Sasa balimupa barua ya retrete, banasema alizaliwa 1959. Shi yeye ni wa 1962, na karatasi ya kuzaliwa aliingia nayo kazi iko, anaifunga mu sashe pamoja na ma-komisyo yote (barua za kumupanga ku kazi). Ashitaki ao ni kutupa makuta ya avoka?

Vieux Kenya
Mutoto, miaka 55 alishapita, mumuache apumuzike. Vijana nabo batumike wapi?

Mama Kamalondo
Vieux, ile 55 ni ya sheria ya 1981!! Sheria ya 2016 inasema miaka 65 ya kuzaliwa ao 35 ya kazi, kama 1962 ni ya kweli hajafika hata ku moya. Lakini asikimbilie tribunali. Kwanza reklamasyo kwa mukubwa mwenye kusaini, mu miezi 3 toka siku alipokea barua, na akize de resepsyo (karatasi ya kuonyesha balipokea) yenye kashe na tarehe. Bakinyamaza miezi 3, ni sawa banakatala, njo anaenda. Kama ni arete (uamuzi wa kuandikwa) ya minista, ni Conseil d'État, tribunali ya juu ya mambo ya Leta, kule Kinshasa. Bengi banapoteza juu ya "rudia kesho papa" paka miezi inapita.

Mwanasheria_Kampemba
Ya retrete iko na nguvu, ya gradi hapana sana. "Ff" haikupe haki ya gradi, inatakiwa kiti iko bure mu kadre organike (liste ya viti vya biro), makuta iko mu bajeti na ma-kote (pwen za kazi) ya kila mwaka iko muzuri. Juge anaweza kufuta arete ya ule balinamina kama hakutimiza masharti, lakini hatamuvalisha baba mudogo ile gradi. Atafute ma-kote yake, na hizo dosye mbili asizichanganye mu barua moya.

MutotoWaKatuba
Aksanti. Kumbe barua ilisainiwa na mukubwa wa hapa, arete hatujaiona.

Mama Kamalondo
Ah! Aombe kopi ya arete kwa maandishi, leo leo. Na ile karatasi ya 1962 atoe fotokopi tu, orijinali asiachie mutu.