Mswidi aliyejifanya Mchina: tumlaumu Warner Oland au Hollywood?

#1 (mleta mada)
Wakuu, heshima kwenu. Juzi usiku nilikuwa na mpwa wangu tunaangalia filamu ya zamani, ya mwaka 1935, Charlie Chan akiwa Shanghai. Mpelelezi wa Kichina, mnene, sharubu zimelala, anaongea pole pole na kila akifungua mdomo ni methali. Mpwa akaniuliza, "Mjomba, huyu Mchina wa wapi?" Nikamwambia si Mchina, ni Mswidi. Alisimamisha filamu hapo hapo. Kwake yeye filamu za namna hii zifungiwe zote. Mimi nikamkatalia, tukabishana hadi saa saba, sasa naleta ugomvi kwenu.

Kwa wasiomjua: Warner Oland alizaliwa mwaka 1879 Bjurholm, kaskazini mwa Sweden, jina lake Johan Verner Ölund. Familia ilihamia Marekani mwaka 1892, naye akakulia Connecticut. Alianzia jukwaani, na yeye na mkewe Edith walitafsiri tamthilia za Strindberg, mwandishi maarufu wa Kiswidi, kwa Kiingereza. Yaani hakuwa mbumbumbu wa kuokotwa mtaani. Alipoingia kwenye sinema akawa wale waigizaji ambao si staa wa bango, ila kila ukifungua filamu, yumo. Mwaka 1917 alikuwa adui wa Kijapani. Mwaka 1929 akawa Fu Manchu, yule daktari wa Kichina mwenye roho mbaya. Kuanzia 1931 akawa Charlie Chan, mara 16.

Katikati hapo, mwaka 1927, alikuwa baba wa Kiyahudi kwenye The Jazz Singer, filamu ndefu ya kwanza ambayo watu walisikika wakiongea, maana hadi hapo filamu zilikuwa bubu. Kuna sehemu mtoto amekaa kwenye piano anamwimbia mama yake, wanataniana, sauti inasikika vizuri. Baba anaingia mlangoni. Anasema neno moja tu: "Stop!" Basi, mazungumzo yanakatika, tunarudi kwenye maandishi ya kusoma. Na steringi mwenyewe, huyo anayecheza mtoto, Al Jolson, naye mhamiaji, kazaliwa nchi ambayo leo ni Lithuania, humo humo anajipaka uso mweusi ili aimbe kama mtu mweusi. Wahamiaji wawili, kila mmoja kavaa kabila lisilo lake, na ndivyo mkate ulivyopatikana.

Msimamo wangu: Oland alifanya kazi aliyopewa na aliifanya vizuri. Mwenye kesi ni aliyegawa kazi. Naomba kuwasilisha.

#2
Mleta mada, umeanza vizuri ukamalizia na utetezi wa wakili wa kulipwa. Eti "kazi aliyopewa". Kabla ya Oland, Chan alishaigizwa na Wajapani: George Kuwa mwaka 1926 na Sojin Kamiyama mwaka 1927. Hawakuwa Wachina, sawa, lakini angalau walikuwa Waasia. Angalia huyo George Kuwa alivyowekwa: Chan wake alikuwa wa pembeni, anapita tu. Siku Chan alipopandishwa kuwa steringi, kazi ikaenda kwa Mswidi. Hilo halikutokea kwa bahati mbaya.

Twende kwenye pesa, maana huko hakuna porojo. Filamu ya Daughter of the Dragon, 1931. Anna May Wong, Mmarekani wa asili ya Kichina, ndiye anayeibeba: alilipwa dola 6,000. Sessue Hayakawa, aliyekuwa staa mkubwa wa enzi za filamu bubu: 10,000. Oland anaonekana dakika 23 tu, akavuta 12,000. Mtu anayepokea bahasha nene kuliko mwenye sura yake, halafu unaniambia hana hatia?

#3
Mnawasemea Wachina bila kuwauliza. Watazamaji wa China walimchukia Fu Manchu, lakini Chan walimpenda. Oland alipofika Shanghai mwaka 1936 alipokewa kama mgeni wa heshima, na baadaye Wachina wenyewe walitengeneza filamu zao za Charlie Chan, huku mwigizaji wao akiiga mwendo wa Oland! Mchina anamwiga Mswidi anayemwiga Mchina. Kichwa kinauma.

Halafu yupo Keye Luke, mzaliwa wa Guangzhou, aliyecheza kama mtoto mkubwa wa Chan. Hadi uzeeni aliwashangaa waliosema filamu zile ni za kudhalilisha. Kwake, Mchina alikuwa shujaa, mwenye akili kuliko wazungu wote chumbani.

#2
Luke alikuwa anakula humo humo. Angesemaje?

#4
Mimi napita tu, ila tusijifanye watakatifu. Kwenye vichekesho vyetu, Mhindi mwenye duka anaigizwa na nani? Na lafudhi ile tunacheka wote.

#1 (mleta mada)
#4 umenichoma, sina jibu.

#2, hoja ya mshahara naikubali, na ile ya George Kuwa sikuwa nimeifikiria. Ila tazama mbali zaidi ya Oland. Mwaka 1892 mtoto wa Kiswidi wa miaka 13 anashuka meli na kuingia Marekani bila shida. Miaka kumi kabla yake ilishapitishwa sheria ya kuwazuia vibarua wa Kichina, na haikufutwa hadi 1943. Kwa hiyo kabla ya studio kumchagua mtu, bandari ilishachagua. Oland akiamka kesho na kukataa kuwa Chan, kazi haimwendei Mchina. Tunajua, kwa sababu alipofariki Stockholm mwaka 1938 nafasi ilimwendea Sidney Toler, mzungu wa Missouri. Filamu ya mwisho ambayo Oland aliiacha njiani ikageuzwa kuwa ya Mr. Moto, mpelelezi wa Kijapani, aliyeigizwa na Peter Lorre, mhamiaji mwingine, huyo katoka Austria-Hungaria.

Na kuna mtu hatujamtaja: Chang Apana, askari kanzu Mchina wa Honolulu, aliyetembea na mjeledi badala ya bastola. Yeye ndiye Chan wa kweli wanayemtaja watu wa Hawaii. Mwaka 1931 Oland alikwenda huko kupiga picha za filamu, wakakutana. Apana mwembamba, kovu usoni, mkali. Chan wa kwenye filamu mnene, mpole, mnyenyekevu. Mimi hapo ndipo panaponiuma zaidi ya rangi ya muigizaji. Mjeledi waliupeleka wapi?

Kufungia sitaki bado. Mwaka 2003 kituo kimoja cha filamu cha Marekani kiliziondoa filamu za Chan kwenye ratiba baada ya Wamarekani wa asili ya Asia kulalamika, kisha kikazirudisha pamoja na mazungumzo ya wachambuzi. Huo ndio utaratibu ninaoutaka.

#2
Mjeledi nakubaliana na wewe. Lakini hayo mazungumzo ya wachambuzi, mkuu, wewe na mpwa wako mngeyaangalia saa saba usiku?