Waigizaji wa kike wa muvi za bomba na bold za Ufilipino, walikuwa na kipaji au walitumika tu?

MpendaMuvi: Wakuu habari zenu. Nafuatilia sana sinema za zamani za Ufilipino, zile za watu wazima walizoziita bomba halafu baadaye bold. Kinachonikera kila nikisoma wanasifiwa waongozaji tu, Celso Ad. Castillo, Peque Gallaga, wale wadada waliojaza kumbi wanapewa mstari mmoja imeisha. Anayejua naomba anieleze, walikuwa waigizaji kweli? Na baadaye waliishia wapi?

Binti_Lulu: Mkuu waigizaji walikuwa, na kutumika walitumika vilevile, ndo panaponiuma. Anza na Merle Fernandez, muvi yake Uhaw ya 1970 wengi wanaihesabu ndo bomba ya kwanza, wakafuata kina Yvonne na Rosanna Ortiz. Hawakukaa sana, Septemba 1972 rais Marcos akatangaza sheria ya kijeshi na bomba ikazimwa. Maprodyuza wakatafuta pa kupenyea, 1974 Castillo akamweka Gloria Diaz, yule Miss Universe wa 1969, ndani ya maji na nguo zimeloa zimemganda mwilini, hajavua kitu, na muvi ikauza sana kupita maelezo. Baada ya hapo kila mtu akataka ya nguo zilizoloa.

KakaMzito: Miaka ya 80 ndo ilikuwa balaa. Imee Marcos, binti wa rais mwenyewe, ndo alikuwa mkuu wa taasisi ya serikali ya filamu, na pale Manila Film Center muvi zilionyeshwa bila kukatwa, watu wanalipa kiingilio. Hela inaingia kwa wakubwa, aibu wanabeba mabinti. Meneja mmoja akawabatiza wasichana wake majina ya soda, Pepsi Paloma, Coca Nicolas, Sarsi Emmanuelle, yaani mtu anauzwa kama chupa dukani. Pepsi akafariki 1985 bado binti mdogo kabisa, mimi siwezi kuongelea sifa za enzi zile nikamruka huyo. Ila Sarsi mtafute kwenye Boatman ya 1984 na Virgin Forest ya 1985, mtu anaigiza haswa.

MpendaMuvi: Dah, hiyo ya majina sikuwahi kuisikia. Kuna aliyevuka akaheshimiwa?

Binti_Lulu: Jaclyn Jose! Alianzia hukohuko, Private Show, White Slavery ya Lino Brocka, na 2016 akabeba tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la filamu la Cannes kwa Ma' Rosa ya Brillante Mendoza. Anacheza mama mwenye kiduka anauza na unga kidogo, yaani dawa za kulevya, polisi wanamkamata, familia inahangaika usiku kucha kutafuta hela ya kuwapa. Mwishoni anakula vitu vya kwenye kijiti barabarani, anaangalia familia nyingine inafunga biashara yao, machozi yanamtoka huku anatafuna, haongei neno. Ule utulivu wa uso alikuwa nao tangu muvi za bold, sema watu walikuwa hawaangalii uso. Amefariki Machi 2024.

KakaMzito: Na Maria Isabel Lopez msimsahau, alivaa taji la urembo la Binibining Pilipinas 1982, akacheza Silip na Sarsi 1985, na 2009 yumo kwenye Kinatay ya huyohuyo Mendoza. Mkuu we anza na Scorpio Nights, mwangalie Anna Marie Gutierrez na lile tundu la sakafuni analochunguliwa, halafu uje tuongee.