Mshtakiwa ana faili la skizofrenia, kwa nini bado anatiwa hatiani?

Kalamu_ya_Karani

Salaam wakuu. Naandaa somo la wasaidizi wa kisheria kuhusu ugonjwa wa akili na wajibu wa jinai. Nimekwama penye mambo matatu.

Kwanza, mtu anaugua skizofrenia miaka mingi, faili la hospitali lipo, dawa zinajulikana. Daktari anasema ni mgonjwa, jaji anakubali ni mgonjwa, halafu anatiwa hatiani kwa mauaji. Hapo mantiki ni ipi?

Pili, kuna "hawezi kujibu mashtaka" na kuna "hakuwa na akili timamu alipotenda". Nusu ya watu ninaowafundisha wanadhani ni kitu kimoja.

Tatu, ripoti ya daktari iwe na nini ili isitupwe?

Naomba kanuni zenyewe, si utaratibu wa nchi moja tu. Shukrani.

---

Mizani_Sawa

Mkuu, nianze na la pili, maana ukilifungua hilo la kwanza linakuwa jepesi.

Sheria huulizia akili ya mshtakiwa kwa nyakati mbili. Wakati mmoja ni leo, akiwa kizimbani: anaweza kujitetea? Wakati mwingine ni pale tendo lilipofanyika: alijua anachofanya? Mtu anaweza kuwa mzima alipoua, akaugua akiwa mahabusu. Anaweza pia kuwa amechanganyikiwa kabisa alipoua, akatibiwa miezi sita, akaja mahakamani anajieleza vizuri kuliko wakili wake. Jibu la swali moja halikupi jibu la jingine, na ripoti inayoyajibu yote mawili kwa sentensi moja ina kasoro tangu mwanzo.

Uwezo wa kujibu mashtaka. Kipimo cha Uingereza kinaanzia shauri la Pritchard la 1836, mshtakiwa aliyekuwa kiziwi asiyesema. Siku hizi huangaliwa kama anaelewa shitaka, anaweza kuamua akiri au akane, anaweza kupinga mjumbe wa juri, anaweza kumweleza wakili upande wake, anafuatilia mwenendo wa kesi, na anaweza kutoa ushahidi akitaka. Kwa Marekani shauri la msingi ni Dusky la 1960: haitoshi mshtakiwa kujua yuko wapi na leo ni siku gani. Lazima aelewe mashtaka kwa akili iliyotulia na aweze kushauriana na wakili wake hivyo hivyo.

Angalia mtego huu: kusahau tukio si kukosa uwezo. Katika shauri la Podola la 1959 mahakama ya Uingereza ilisema hata kama kumbukumbu imepotea kweli, mtu anayeelewa kesi leo anaweza kushtakiwa.

Akionekana hana uwezo, kesi husimama, lakini haina maana anarudi nyumbani. Anapelekwa kutibiwa, kisha anapimwa tena. Na hapo ndipo watu husahaulika. Shauri la Jackson dhidi ya Indiana la 1972 lilimhusu mtu aliyetuhumiwa kupora vitu ambavyo thamani yake yote haikuzidi dola 9, naye akawekwa kizuizini bila ukomo kwa sababu asingeweza kamwe kujifunza kujitetea. Mahakama Kuu ya Marekani ilisema huwezi kumshikilia mtu kwa sababu hiyo peke yake kupita muda unaohitajika kujua kama kuna matumaini ya kupata uwezo. Matumaini hayapo? Ama fungua taratibu za kawaida za kulazwa kwa matibabu, ama mwachie. Wafundishe wasaidizi wako kuuliza tarehe ya upimaji unaofuata kila wanapomkuta mtu wa namna hii mahabusu.

Sasa la kwanza. Nchi nyingi zilizorithi sheria ya Kiingereza bado zinatumia kanuni za M'Naghten za 1843, ama zenyewe ama zilizopanuliwa kidogo. Daniel M'Naghten aliamini chama cha Tory, yaani wahafidhina wa Uingereza, kinamwinda. Januari mwaka huo alimpiga risasi Edward Drummond, katibu wa Waziri Mkuu Robert Peel, akafa baada ya siku chache. Juri ilimwona hana hatia kwa sababu ya wazimu, watu wakaja juu, Baraza la Malodi likawauliza majaji maswali, na majibu yao ndiyo kanuni yenyewe.

Kanuni inaanza na dhana kwamba kila mtu ana akili timamu. Anayesema vinginevyo ndiye anayethibitisha, kwa kiwango cha "kuna uwezekano zaidi kuliko kutokuwepo", si "bila kuacha shaka". Anatakiwa aonyeshe mnyororo huu, na kila pingili ishike: kulikuwa na ugonjwa wa akili, ugonjwa huo uliharibu uwezo wa kufikiri, na kwa sababu hiyo, *wakati ule ule wa tendo*, ama hakujua anafanya nini, ama alijua lakini hakujua kwamba ni kosa.

Kesi ya mtu wako inavunjikia pingili ya mwisho. Faili linathibitisha ugonjwa. Halithibitishi kitu kuhusu saa nne usiku ya tarehe ya tukio. Mgonjwa wa skizofrenia anaweza kuua kwa wivu au kwa deni kama mtu mwingine yeyote, na kama ugonjwa haukuwa na mkono katika tendo lile, utetezi haupo.

---

Tabibu_wa_Zamu

Naongezea upande wa ripoti, kwa sababu nyingi hutupwa kwa makosa yanayojulikana.

Kosa kubwa ni ripoti inayosema "mshtakiwa anaugua skizofrenia, hivyo hakuwa na akili timamu". Hiyo "hivyo" haina kitu ndani yake. Jaji hakuulizi jina la ugonjwa. Anataka umwonyeshe ulifanya nini kwenye fikra za mtu huyu dakika ile.

Ripoti inayosimama huonyesha nyaraka zilizosomwa, moja moja kwa tarehe: faili la hospitali la kabla ya tukio, maelezo ya polisi, maelezo ya mashahidi, picha za eneo, kumbukumbu za afya za mahabusu. Inaonyesha alihojiwa mara ngapi, kwa lugha gani, kama kulikuwa na mkalimani, na alikuwa anatumia dawa gani siku hiyo. Ukimhoji mtu aliyekunywa dawa miezi mitatu utamkuta ametulia. Utulivu huo hausemi lolote kuhusu siku ya tendo.

Kisha ushahidi wa karibu na tukio, ambao kwangu ndio moyo wa ripoti. Nani alimwona siku ile? Alikuwa analala? Aliacha dawa lini? Alikuwa anaongea peke yake, amefunika madirisha, anakataa chakula akidai kina sumu? Ndugu hujua haya, na hakuna anayewauliza mpaka mwaka unapita. Sampuli ya mkojo au damu ya siku ya kukamatwa ni dhahabu, kwa sababu bila hiyo huwezi kutenganisha ugonjwa na dawa za kulevya.

Upande wa mashtaka utauliza: alificha kisu? Alinawa damu? Alikimbia? Alidanganya? Ni maswali halali, maana yanaashiria alijua amekosa. Lakini yasomeni kwa makini. Anayeamini majini wanamfukuza naye hukimbia, ila si polisi anaowakimbia. Aliyenawa damu kwa sababu sauti imemwambia damu ile ni najisi hajaficha ushahidi. Ripoti nzuri haiyakwepi mambo haya, inayachukua moja moja na kuyaeleza, na pale yasipoelezeka inakiri hivyo.

Kuhusu kuigiza ugonjwa: anayeigiza kwa kawaida huzidisha yanayoonekana, kama sauti zinazosikika mchana kutwa bila kupumzika, au majini yanayokuja anapohojiwa tu. Anachoshindwa kuigiza kwa muda mrefu ni mpangilio wa mawazo uliovurugika na uso uliokosa hisia. Ndiyo maana kumwangalia wodini siku kadhaa, wauguzi wakiandika anavyolala, anavyokula na anavyoongea na wenzake, kuna thamani kuliko mahojiano ya saa moja.

Mwisho, daktari asiandike "hana hatia". Hiyo ni kazi ya mahakama. Aeleze hali ya akili, aihusishe na maneno ya kipimo cha sheria, aishie hapo. Na wakili amwandikie daktari barua yenye kipimo chenyewe. Madaktari wengi hulaumiwa kwa kutojibu swali ambalo hawakuulizwa.

---

Pwani_ya_Hoja

Nakubaliana na wakuu wote wawili, ila Mizani amepita haraka kwenye "hakujua kwamba ni kosa". Kosa kwa macho ya nani?

Uingereza ilijibu katika Windle, 1952. Mwanamume alimpa mkewe vidonge vya aspirini kama 100, halafu akawaambia polisi kwamba nadhani watanitundika kwa hili. Mahakama ikasema alijua sheria inakataza, basi; utetezi umekwisha. Mwaka huo huo Mahakama Kuu ya Australia, katika Stapleton, ilikataa kuifuata njia hiyo: swali ni kama angeweza kufikiri kwa utulivu kwamba tendo ni ovu kimaadili. Canada nayo ikaenda upande huo katika Chaulk, 1990.

Tofauti hiyo si ya vitabuni tu. Chukua mtu anayeamini Mungu amemwamuru kuua. Anajua fika polisi watamkamata. Kwa Windle ana hatia, kwa Stapleton huenda hana. Kwa hiyo kabla hujamwandikia daktari ile barua, tafuta mahakama za nchi yenu zinasomaje neno hilo moja.

Na si kila mahali panafuata M'Naghten. Norway, wakati wa kesi ya Breivik, muuaji wa watu wengi, ilitumia kipimo cha kitabibu kitupu: ukiwa katika saikosisi (hali ya kupoteza mguso na uhalisia) wakati wa tendo huadhibiwi, hata kama saikosisi haikusababisha tendo. Ndiyo maana wataalamu walibishana vile. Ripoti ya kwanza, ya 2011, ilisema ana skizofrenia ya hofu, ya pili, ya 2012, ikasema hakuwa na saikosisi, na mahakama ikaifuata ya pili. Marekani majimbo ya Kansas, Montana, Idaho na Utah yaliufuta utetezi huu kama utetezi wa kujitegemea; unabaki kubisha kwamba nia ya kutenda haikuwepo. Mwaka 2020 Mahakama Kuu yao ilisema Kansas ina haki ya kufanya hivyo.

---

Kalamu_ya_Karani

Nimeelewa vizuri sana, hasa hiyo "hivyo" ya Tabibu. Nyongeza mbili: kifafa, kisukari na pombe vinaingia wapi? Na akishinda utetezi huu, anakwenda wapi?

---

Mizani_Sawa

"Ugonjwa wa akili" wa kisheria si ule wa hospitali. Majaji wa Uingereza waliuliza kama chanzo kiko ndani ya mwili au nje. Matokeo yake ni ya ajabu. Quick, 1973: mwenye kisukari alichoma insulini bila kula vya kutosha, sukari ikashuka, akapiga mtu. Chanzo ni insulini, kitu cha nje, kwa hiyo si wazimu. Ni kutenda bila kuudhibiti mwili, na anaweza kuachiwa huru moja kwa moja. Hennessy, 1989: hakuchoma insulini siku kadhaa, sukari ikapanda. Chanzo ni ugonjwa wenyewe, kwa hiyo kisheria ni wazimu. Ugonjwa ni ule ule, sindano ndiyo iliyoamua. Binafsi naona kipimo hiki ni kibovu, lakini ndicho kinachotumika, kwa hiyo ulizeni saa ya sindano ya mwisho na saa ya mlo wa mwisho.

Kifafa nacho kiliingizwa kwenye wazimu katika Sullivan, 1984. Mshtakiwa alimpiga mateke mtu akiwa katika degedege la kifafa. Baada ya jaji kusema huo ni utetezi wa wazimu, alibadili jibu lake akakiri kosa.

Pombe ya hiari haifungui mlango huu. Katika shauri la Gallagher, mshtakiwa alinunua kisu na chupa ya wiski, akanywa, akamuua mkewe. Majaji wa Baraza la Malodi walisema aliyenuia akiwa mzima kisha akanywa ili apate ujasiri hawezi kujificha nyuma ya ulevi. Ulevi unaweza kugusa swali la nia, hiyo ni mada nyingine. Lakini pombe ya miaka ikishaharibu ubongo, au mlevi akiacha ghafla na kuingia kwenye mtetemeko na kuona visivyokuwepo, huo unaweza kuhesabiwa ugonjwa wa akili. Kwa hiyo sababu ya kuugua si lazima iwe safi, hali ya akili ndiyo inayopimwa.

---

Pwani_ya_Hoja

La anakokwenda nitalijibu mimi, na wasaidizi walijue kabla mteja hajaamua. Mara nyingi si nyumbani. Ni hospitali yenye ulinzi, kwa muda usiopangwa. Katika Jones, 1983, mtu alishtakiwa kwa kujaribu kuiba koti dukani, kosa ambalo adhabu yake ya juu ilikuwa mwaka 1. Alishinda kwa utetezi wa wazimu, na Mahakama Kuu ya Marekani ikasema anaweza kuwekwa hospitali kupita mwaka huo, kwa kuwa si adhabu. Foucha, 1992, iliongeza mpaka: akishapona ugonjwa, huwezi kumshikilia kwa kusema tu bado ni hatari. Ujerumani kifungu cha 63 cha sheria ya jinai kinaruhusu kumweka hospitali bila ukomo, ila mahakama lazima ipitie upya kila mwaka.

Kwa mauaji, hesabu inaeleweka. Kwa wizi mdogo au shambulio dogo, wakili akimshauri mteja atumie utetezi huu bila kumwambia hayo, amemkosea. Kuna njia ya kati pia katika baadhi ya nchi: wajibu uliopungua, ambapo mauaji yanashuka kuwa kuua bila kukusudia. Uingereza waliuweka mwaka 1957 na kuurekebisha 2009. Hapo ugonjwa hautakiwi kufuta ujuzi wote. Unatosha ukiwa umepunguza kwa kiasi kikubwa uwezo wa kuelewa anachofanya, kuamua kwa mantiki au kujizuia. Yule mgonjwa wako wa swali la kwanza huenda asingetoka kwa M'Naghten, lakini hapa angekuwa na pa kusimama.

---

Tabibu_wa_Zamu

Karani, kwenye somo lako weka na hili: wasaidizi wachukue majina na simu za ndugu na majirani siku ile ile wanapopewa jalada. Mwezi wa tatu watu huanza kusimulia walichosikia mahakamani badala ya walichokiona.