Shule imebandika jina la mtoto wangu na namba yangu Facebook kwa sababu ya minervali (ada ya shule). Nifanye nini?

MamaKatuba (Lubumbashi)

Jambo kwenu wote. Naomba ushauri, hasa kwa wanaojua sheria za kwetu Congo.

Mtoto wangu anasoma darasa la nne katika shule ya binafsi hapa Katuba. Mume wangu amesimamishwa kazi, kwa hiyo minervali ya muhula huu tumelipa nusu tu. Deni silikatai, na direkteri tulishaongea naye. Juma lililopita shule ikabandika orodha kwenye ukurasa wake wa Facebook: jina kamili la mtoto, darasa, jina la mzazi, namba ya simu na dola anazodaiwa. Chini yake kuna picha ya watoto wenyewe siku waliyorudishwa nyumbani, wamepangwa mbele ya geti. Wa kwangu yuko mstari wa mbele, uso wote unaonekana, ameshika mikanda ya begi kwa mikono miwili.

Tangu siku ile napigiwa simu na watu nisiowajua. Mmoja alijifanya mhasibu wa shule. Alinitajia jina la mtoto, darasa na deni bila kukosea hata dola moja, akataka nitume pesa kwa namba yake ili nipunguziwe. Mtoto naye hataki kurudi shule, wenzake wa avenyu wanamwita "Madeni". Direkteri ananijibu tu: "Mama, lipa, tutaondoa."

Mtu akiwa na deni, hana haki tena?

Mwalimu wa Ruashi

Pole sana mama. Ila tusikilize na upande wa pili. Shule ya binafsi inalipa walimu kwa minervali. Wazazi wasipolipa, mwalimu ndiye anayerudi kwake mikono mitupu, na watoto wake nao wanasoma. Orodha za wadeni zilibandikwa ukutani tangu sisi tuko wanafunzi.

Metre_Kasapa

Mwalimu, mshahara wako ni haki yako na hakuna anayeupinga. Shule inaweza kudai, kuandikia mzazi, kumwita ofisini, hata kumpeleka tribinali. Kutangaza ni jambo jingine kabisa. Orodha ya ukutani inaonwa na anayepita pale. Ile ya Facebook inafika Kolwezi na Kinshasa kabla ya jioni, watu wanaipiga picha, na matapeli wanaisoma kama daftari lao la kazi. Yaliyompata mama ni hayo hayo.

Mama, uko na sheria za kushika. Katiba ya 2006, kifungu cha 31, inampa kila mtu haki ya kuheshimiwa maisha yake binafsi. Halafu kuna Kodi ya Dijitali (Code du numérique, si kodi ya kulipa), yaani amri-sheria namba 23/010 ya tarehe 13 Machi 2023. Inasema habari za mtu zikusanywe kwa kusudi linalojulikana na zitumike kwa kusudi hilo. Wewe uliandika namba yako kwenye fomu ya kumwandikisha mtoto ili shule ikuite akiugua au kukiwa na mkutano wa wazazi. Kuibandika mbele ya ulimwengu si kusudi lile, na hukutoa idhini. Kodi hiyo hiyo inakupa haki ya kujua wanashika habari gani zako, kuzisahihisha, kupinga zisitumike, na kudai zifutwe.

Kwa upande wa mtoto, tuna sheria ya ulinzi wa mtoto ya tarehe 10 Januari 2009, na Mkataba wa Haki za Mtoto ambao nchi yetu iliuridhia mwaka 1990. Kifungu cha 16 cha mkataba huo kinalinda faragha yake na heshima yake. Mtoto wa darasa la nne hakukopa kitu kwa mtu.

Fanya hivi leo, kabla hawajafuta: piga kapture (picha za skrini) za ukurasa mzima, jina la ukurasa na tarehe vionekane, pamoja na maoni ya watu. Hifadhi namba ya yule tapeli na ujumbe wake. Kisha andikia shule barua, nakala mbili. Moja wabaki nayo, ya pili wakupigie muhuri na tarehe ya kupokea. Wakikataa kupokea, rudi na shahidi. Ukikosa jibu, nakala hiyo ndiyo utakayopeleka sudivizioni ya elimu (ofisi ya serikali inayosimamia shule) na parke (ofisi ya mwendesha mashtaka). Kodi imetaja pia Mamlaka ya Kulinda Data, lakini tapeli yuko kazini sasa hivi, kwa hiyo parke usiiache.

Ya Kampemba

Na usingoje shule kwa ile picha. Facebook wana fomu ya mzazi kuomba picha ya mtoto wa chini ya miaka 13 iondolewe. Ijaze mwenyewe.

Mkaazi wa Nairobi

Huku kwetu mwezi Septemba 2023 ofisi ya Kamishna wa Data iliitoza shule moja ya Uthiru faini ya shilingi 4,550,000 kwa kubandika picha za watoto bila idhini ya wazazi. Najua sheria ya Kenya haivuki mpaka, lakini unaweza kumwonyesha direkteri kwamba mambo haya si mchezo.

Mwalimu wa Ruashi

Metre, nimesoma yote. Ile ya tapeli sikuwa nimeifikiria. Kwetu tuna grupu ya WhatsApp ya wazazi na majina ya wadeni yanatumwa mle kila mwisho wa mwezi. Kesho nitamwambia prefe (mkuu wa shule) kila mzazi aandikiwe peke yake.

MamaKatuba

Asanteni sana. Kapture nimezipiga na fomu nimeijaza. Ninaogopa jambo moja: nikipeleka barua, hawatamfukuza mtoto moja kwa moja?

Metre_Kasapa

Ndiyo sababu usichanganye mambo mawili katika karatasi moja. Andika barua mbili. Ya kwanza ni ya deni: unakiri kiasi, unapendekeza tarehe na sehemu utakayolipa kila mwezi, unatia sahihi. Ya pili ni ya orodha na picha: unadai vifutwe Facebook na kwenye grupu zote, na unataka jibu la maandishi. Zipeleke siku moja, ya deni iwe juu. Wakimfukuza baada ya hapo, nakala zako mbili zenye muhuri zitaonyesha kwamba ulikuwa tayari kulipa. Niandikie faraghani ukishaandika rasimu, niisome kabla hujaipeleka. Sitakutoza kitu.