Tupeane uzoefu: gamba la kobe likianza kunuka, kulainika au kupasuka

Mwana wa Chumbageni

Habari zenu wana Tanga. Nusura nimpoteze kobe wangu wa maji kwa kitu kilichokuwa mbele ya macho yangu, ndiyo maana naileta mada hii.

Nimemkuta nyumbani tangu marehemu baba yupo. Anakaa kwenye karo dogo uani, chini ya mwembe. Masika iliyopita nilibanwa na kazi, maji nikawa nabadilisha mara moja kwa wiki, na lile jiwe lake la kupandia kuota jua likawa limezama. Siku moja nimemshika nikasikia harufu ya samaki aliyelala. Nikamgeuza. Tumboni, karibu na mguu wa nyuma wa kushoto, kulikuwa na doa jeupe kama punje ya hindi. Nilipoligusa kwa ukucha kigae cha juu kikanyanyuka, chini yake utelezi wa kijivu, pembeni pamevilia wekundu. Akavuta mguu kwa nguvu.

Pale ndipo nilipoelewa kuwa anaumia. Nilizoea kuliona gamba kama kifuu cha nazi, kumbe vile vigae ni ngozi ngumu tu ya juu. Chini yake kuna mfupa hai ulioungana na mbavu na uti wa mgongo, wenye damu na mishipa ya fahamu. Uozo ukishuka hadi kwenye mfupa unaingia kwenye damu, na hapo kumwokoa ni shida.

Daktari wa mifugo alimchoma sindano za kuua bakteria, mimi nikabaki na kazi ya kila siku: kusafisha taratibu kwa mswaki laini, kupaka iodini ya vidonda iliyozimuliwa mpaka ifanane na chai ya rangi nyepesi, kisha kumwacha akauke kabisa. Alilala nchi kavu, majini anaingia saa moja tu kwa siku, anywe na ale, maana kobe wa maji hamezi vizuri akiwa nchi kavu. Wiki ya tatu doa likakauka likawa gumu. Shimo bado lipo hadi leo, lakini halinuki.

Nyie wenzangu mliona nini kwanza?

Bibi wa Ngamiani

Pole mwanangu. Kwangu halikunuka, lilibonyea. Mjukuu alikuwa na kobe mdogo wa nchi kavu, akamweka kwenye boksi la kioo dirishani, chakula chake wali na mkate. Tukidhani jua analipata. Siku namwosha, dole gumba likazama mgongoni kama nabonyeza kifuniko cha ndoo. Na miguu ilishalegea, akitembea tumbo linaburuta.

Daktari akatuambia kioo kinapitisha mwanga na joto, lakini ile mionzi inayomtengenezea mwili vitamini D kinaizuia. Bila hiyo, chokaa haikai kwenye mfupa hata umlishe vipi. Tukamtoa uani, jua la asubuhi, na kivuli cha kukimbilia. Chakula kikawa majani ya porini na matembele. Mfupa mweupe wa dome, yule mnyama wa baharini wa jamii ya pweza, ule unaookotwa ufukweni, tuliuosha tukaukausha, tukawa tunaukwangua kwa kisu juu ya majani. Ilichukua miezi kabla gamba halijagoma kubonyea. Umbo lake lakini limebaki na mabonde, hilo halirudi.

Wa Barabara ya Pangani

Naomba niseme moja linaloniuma. Kijijini kwetu watu wanatoboa gamba kwa nyuma wapitishe kamba asipotee. Niliyemkuta hivyo tundu lilikuwa linatoa usaha. Jamani, hilo ni kutoboa mfupa. Jengeni uzio wa matofali mawili matatu kwenda juu, inatosha.

Mzee Mstaafu wa Mifugo

Nimesoma yote, Bi Mkubwa umeeleza vema. Niongeze la kupasuka.

Jirani yangu hapa Makorora, kobe wake alikanyagwa na bodaboda. Ufa kutoka shingoni hadi katikati ya mgongo. Jirani alimfunika vizuri kwa kitambaa, lakini akamweka uani nzi wakamfikia, siku ya tatu kuna funza. Akaenda duka la dawa za mifugo, akapewa ivermektini, ile tunayowachoma mbuzi na ng'ombe. Ameniita jioni, kobe hawezi kuinua kichwa. Hakufika asubuhi. Ivermektini ni sumu kwa kobe. Funza wanatolewa mmoja mmoja kwa kibano na kuoshwa kwa maji ya chumvi ya hospitali. Nalisisitiza hili kwa sababu anayeuza dukani anaweza asiijue, na aliyenunua alikuwa na nia njema.

Gamba likipasuka: shashi safi, ndani ya boksi kavu, mbali na nzi, kwa daktari siku hiyo hiyo. Msizibe kwa gundi wala saruji, mtafungia uchafu ndani. Likitunzwa linaunga, ila hesabuni mwaka na zaidi.

Na kobe ni mnyamapori, kumfuga kunataka kibali. Kasa wa baharini haokotwi kabisa. Ukimwona ameumia toa taarifa.

Mama Wawili, Sahare

Shikamoo mzee. Wangu wa maji anabanduka vipande vyembamba, ukikiinua juani kinaonyesha upande wa pili kama karatasi ya nailoni. Harufu hamna. Nilianza kumpaka mafuta ya nazi, nimekosea?

Mzee Mstaafu wa Mifugo

Marahaba. Hapo chini pakiwa pagumu na safi, anabadilisha vigae tu, ndivyo anavyokua. Usimbandue, acha vidondoke vyenyewe. Mafuta yaache, yanashika uchafu na unyevu ukajificha chini. Mwekee jiwe apande akauke mgongo na tumbo. Na watoto wakishamshika wanawe kwa sabuni kabla ya kula, kobe hata mzima hubeba vijidudu vya kuharisha.

Mama Wawili, Sahare

Ahsante mzee. Nimemgeuza sasa hivi, tumbo lote gumu. Jiwe naenda kulitafuta.