Kinanda na maktaba ya sauti, au udi na maikrofoni?

MtungajiLangoni: Assalam aleikum wakuu. Nimepewa kutunga muziki wa tamthilia itakayopigwa picha hapa Amu (Lamu). Fungu langu linatosha kimoja tu: kinanda cha midi (cha kuchezesha sauti za kompyuta) na maktaba ya sauti za okestra, ama maikrofoni mbili nzuri na malipo ya mpiga udi na mpiga zumari. Mbele nataka na kazi za matangazo. Kipi kwanza?

KipandeKwaKipande: Waaleikum salaam. Pesa ngapi? Kompyuta ina RAM (kumbukumbu) kiasi gani? Dakika ngapi? Filamu ni fremu (picha moja moja) ngapi kwa sekunde? Au tupige ramli?

BintiShela: Udi, hakuna mjadala. Maqam rast, ile ngazi ya sauti ya Kiarabu, noti yake ya tatu huteremka kama senti 50, yaani nusu ya hatua ya kitufe hadi kitufe, na kinanda hakina kitufe hicho. Utaishusha kwenye programu, sawa, lakini mteremko wa kidole juu ya waya hutaupata. Maikrofoni iwe sentimita 30 hivi, itazame pale shingo inapokutana na tumbo. Ukiielekeza kwenye tundu, besi inavimba.

Mchanganyaji_Malindi: Bi Shela, kila filamu ya pwani ikifunguka kwa udi na jahazi, mtu adhani ni tangazo la hoteli! Mtunzi Morricone kwenye filamu za kikauboi za Leone alitumia mluzi, mjeledi na gitaa la umeme. Anayetaka kazi za kila aina asijifunge na ala moja. Tena udi hugombania nafasi na sauti ya mwanamume. Chini ya mazungumzo apige noti chache sana.

MtungajiLangoni: RAM GB 8. Vipindi sita vya dakika 24. Fremu sijui, mhariri yuko Nairobi.

KipandeKwaKipande: Hujui fremu na unataka kununua vitu? Kuna kazi iliharibika hapo hapo. Muziki ulitungwa juu ya nakala ya fremu 24, kisha kituo kikataka 25, mhariri akaikimbiza picha iende kasi zaidi. Kila dakika 10 zikawa 9 na sekunde 36. Mlango unafungwa, kishindo cha ngoma kinakuja mhusika yuko barabarani. Wakaukimbiza na muziki. Ukapanda kama senti 70, na wimbo ambao mhusika anauimba kwenye tukio, uliorekodiwa baadaye, haukuoana tena na udi. Ikabidi kurekodi upya. Kwa hiyo uliza fremu, na usitunge kwa sekunde kabla picha haijafungwa, yaani mhariri hajamaliza kuikata.
Kwa RAM 8, ukimaliza fidla zigeuze faili la sauti ya kawaida, uzitoe kwenye kumbukumbu, ndipo uingie ala nyingine.

BintiShela: Nyumba ya mawe ya kale yenye vidaka yatosha, ukitandika magodoro ukutani. Rekodi baada ya isha, punda na boti zimetulia.

Mchanganyaji_Malindi: Zumari isikae chumba kimoja na udi, itaufunika. Mpe mhariri treki (faili za sauti) zilizotenganishwa, za kipimo cha 48 kHz biti 24, udi peke yake, ngoma peke yake.

BintiShela: Zumari ya kweli hupigwa uwanjani, si chumbani.

Mchanganyaji_Malindi: Uwanjani na upepo wa kusi? Utarekodi upepo.

MtungajiLangoni: Mhariri asema 25, lakini picha bado haijafungwa. Sasa ninunue maikrofoni zipi?

KipandeKwaKipande: Pesa ngapi, ndugu yangu?